Mzee wa Katuni Anajibu: Megatron wa Bastola na Megatron wa Ulingoni

SWALI: Shikamoo Mzee. Mwanangu ana kichezeo cha Megatron, yule roboti mwovu wa Transformers, anayegeuka kifaru cha vita, ila mimi utotoni nilimjua kama bastola. Tena anadai kwenye komiki jitu hilo lilianza kwa kupigana ulingoni. Nani mkweli? – Mama Neema, Tanga

JIBU: Marahaba, Mama Neema. Nyote wawili. Wako ndiye mkongwe: kampuni ya vichezeo ya Hasbro ilimtoa Marekani mwaka 1984, kwa kichezeo kilichobuniwa na Takara wa Japani, akigeuka Walther P38, bastola ya Kijerumani. Ilifanana mno na ya kweli, na hapo ndipo penye hatari. Askari hana muda wa kuuliza. Baadaye sheria ya Marekani ikataka bastola za kuchezea ziwe na ncha ya rangi ya chungwa, na Megatron wengi waliofuata wakawa vifaru.

Ya ulingoni yamo hasa katika komiki za kampuni ya IDW za mwaka 2007. Humo Megatron ni mchimba madini tu kwenye sayari ya Cybertron. Kazi inaota mbawa, damu inamwagika, anaishia kuwa gladieta wa mapambano haramu mjini Kaon. Wanaomshangilia ndio anaowageuza jeshi, Decepticon. Mimi huyu namwogopa zaidi kuliko yule wa kuzaliwa mwovu, maana mwanzoni malalamiko yake yana haki.

Kama kijana bado mdogo, komiki hiyo mfichie kwanza. Wanang'oana viungo.