Kipande kimevuma, wimbo haujatoka

SWALI: Natengeneza muziki wa kompyuta hapa Ngamiani, Tanga. Kipande changu cha sekunde 20 kimesambaa TikTok, ila wimbo kamili sijautoa. Tena wengi wanalalamika besi haisikiki kwenye simu. Nianzie wapi?

JIBU: Hongera, ndugu yetu. Anza na wimbo, na usichelewe: anayekipenda kipande leo anautafuta leo. Toa faili la WAV (sauti isiyobanwa) la 44.1 kHz, biti 16, si MP3, ulipeleke kwa msambazaji wa mtandaoni, yaani kampuni inayofikisha nyimbo kwenye majukwaa ya muziki. Atakupa namba ya ISRC, inayoutambulisha wimbo kila unapochezwa. Sauti uliyoipakia mwenyewe TikTok haina namba hiyo, ndiyo maana inavuma bila kukuletea mrabaha. Mwambie msambazaji aupeleke na TikTok, kipande kianzie sekunde zilezile zilizopendwa.

Besi sasa. Spika ya simu ni ndogo mno, haiwezi kutoa hezi 50, yaani mtetemo mzito wa chini kabisa. Ukiipandisha besi, limita (kizuizi cha sauti isizidi kiwango) itabana ngoma zote na wimbo utafifia. Badala yake, nakili besi kwenye treki ya pili, itie distosheni (mkwaruzo wa sauti) kidogo, kisha kata kila kilicho chini ya hezi 150. Mikwaruzo hiyo ya juu ndiyo sikio huitumia kukisia besi isiyokuwepo. Pandisha treki hiyo polepole huku ukisikiliza kwa simu yenyewe, bila hedifoni.

Na kama umechukua kipande cha sauti kutoka rekodi ya zamani ya taarabu, tafuta ruhusa ya maandishi ya mwenye haki kabla ya kutoa. Mitambo ya majukwaa huitambua, wimbo ukaondolewa ukiwa motomoto. Kazi yako mwenyewe isajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania.