Mhamiaji aliyeokoa nyimbo za Ireland

Mhamiaji anawezaje, akiwa mbali, kuhifadhi muziki wa kwao kuliko hata waliobaki nyumbani? Mtazame Francis O'Neill. Alizaliwa mwaka 1848 katika kaunti ya Cork, akatoroka nyumbani angali kijana, akawa baharia, mwishowe akatua Chicago na kuingia upolisi. Kuanzia 1901 hadi 1905 alikuwa mkuu wa polisi wa jiji zima.

Alikuwa na mamia ya nyimbo kichwani, lakini kuandika noti za muziki hakujua. Basi akawa anakaa na polisi mwenzake, James O'Neill, mpiga fidla. Francis anapuliza filimbi au anapiga mluzi, James anaandika, kisha anampigia alichoandika ili wasahihishe. Jioni baada ya jioni, baada ya kazi! Hapo ndipo ninapomheshimu mno. Chicago ilikuwa na Waairishi wa kila kaunti, kwa hiyo alisikia mjini humo nyimbo ambazo kijijini kwao asingezisikia maishani. Nyimbo hizo akazichapisha vitabuni: cha 1903 kilikuwa na nyimbo 1,850, na cha 1907 kilikuwa na 1,001 za kuchezea dansi. Wapigaji walikiita hicho cha pili "kile kitabu" tu, na kila mtu akaelewa.

Halafu yuko Michael Coleman, mpiga fidla wa kaunti ya Sligo huko Ireland, aliyerekodi santuri New York miaka ya 1920. Santuri zile zilirudi Ireland, na vijana wa huko wakajifunza fidla kwa kuzisikiliza.