Ishirini, Si Ishirini na Tano

Ndugu Mhariri,

Swali lenu la wiki hii linasema: picha iliyochapwa mara 20 kutoka kwenye kibao kimoja ni kazi 20 za sanaa, au ni kazi moja na nakala 19? Nimekuwa nikichonga na kuchapa lino, yaani vibao laini vya linoleamu, kwa miaka 16, na swali hilo nimeulizwa na wateja, na wanafunzi, na hata na shangazi yangu, ambaye aliikuta picha yangu ileile katika nyumba mbili tofauti akaamini kwamba nimemtapeli mmoja wa wenye nyumba. Jibu langu ni kwamba zote 20 ni kazi halisi, ila kwa sharti kwamba zibaki 20.

Kinachotupotosha ni hilo neno "nakala". Nakala hutolewa kutoka kwenye kitu kilichotangulia, kama cheti kinavyotolewa fotokopi, ilhali katika uchapaji wa mkono hakuna picha iliyotangulia. Kibao si picha. Kimegeuzwa kushoto kulia, kina mabonde pale ambapo karatasi itabaki nyeupe, na kikishapakwa wino mara kadhaa huwa cheusi kiasi kwamba hata aliyekichonga hawezi kukisoma vizuri. Picha huzaliwa pale karatasi inapobanduliwa. Mimi sina mashine. Nasambaza wino kwa rola juu ya kipande cha kioo mpaka utoe mlio mwembamba kama wa maandazi yanapotiwa kwenye mafuta, naupaka kwenye lino, nalaza karatasi, kisha naisugua kwa mgongo wa mwiko kuanzia katikati kwenda pembeni. Mkono ukichoka, pembe moja hupauka. Siku ya mvua karatasi hunywa wino zaidi. Mtu akizipanga zote 20 mezani, ataona kwamba ni ndugu wa tumbo moja, lakini hatawachanganya.

Habari ya kugeuzwa kushoto kulia niliijua kwa aibu. Fundi aliyenifundisha, mzee aliyepitia Nyumba ya Sanaa ya Dar es Salaam, ile iliyoanzishwa mwaka 1972, alinipa kipande cha lino nichonge nitakacho. Nikachonga kanga kamili: pindo, mji, na chini yake jina, SUBIRA YAVUTA HERI. Kazi ilinichukua siku tatu, kwa kuwa lino huwa ngumu asubuhi na ilinibidi niianike juani kidogo ndipo patasi iteleze bila kuruka. Nilipobandua karatasi, neno la katikati lilisomeka ATUVAY, herufi zake zote zikiwa zimesimama sawasawa, maana A, T, U, V na Y hazina kushoto wala kulia. Lakini S, B, R na E zilikuwa zimenipa mgongo. Mzee hakucheka. Alileta kioo chake cha kunyolea, akakisimamisha kando ya karatasi, akaniambia nisome. Tangu siku hiyo sichongi herufi bila kioo mezani, na ndiyo maana namstahi sana mchapaji John Muafangejo, aliyezaliwa Angola mwaka 1943, akasomea kwenye kituo cha sanaa cha Rorke's Drift huko Afrika Kusini, na kufariki Windhoek mwaka 1987. Picha zake za lino zimejaa maneno, pengine sentensi nzima juu ya vichwa vya watu, na kila neno hilo lilipitia mkono uliokuwa ukiandika kinyumenyume.

Mchoraji wa rangi huongeza. Mchapaji wa kibao huondoa, na alichokiondoa hakirudi. Sidhani kwamba hilo ni jambo la ufundi peke yake. Msanii wa Ujerumani, Käthe Kollwitz, alimpoteza mwanawe Peter vitani mwezi Oktoba mwaka 1914, na kwa miaka mingi alijaribu kuuchora msiba ule bila kuridhika. Mwaka 1920 aliona chapa za mbao za Mjerumani mwenzake, mchongaji Ernst Barlach, naye akahamia kwenye mbao. Matokeo yake ni mfululizo wa chapa saba uitwao "Vita". Katika ile ya wazazi, baba na mama wameinamiana mpaka wamekuwa donge moja jeusi, na huwezi kusema kwa hakika mwili wa mmoja unaishia wapi. Kwa penseli angeweza kuweka vivuli vya katikati, akalegeza hapa na kukaza pale. Mbao haina huruma hiyo: uache au utoe. Nami naamini kwamba ugumu huo wa kibao ndio unaoipa kila chapa uhalisi wake, kwa sababu uamuzi uliofanywa kwa patasi umo kwenye ya kwanza na umo kwenye ya 20 kwa kiwango kilekile.

Sasa nirudi kwenye sharti langu. Wako wachapaji ambao idadi inawalazimu wenyewe. Fred Mutebi wa Uganda hutumia kibao kimoja cha mbao kwa rangi zote: huchapa rangi moja kwenye karatasi zote, huchonga tena kibao kilekile, huchapa inayofuata, hivyo hivyo mpaka mwisho, na kufikia hapo sehemu kubwa ya kibao imekwisha kuliwa. Karatasi ambazo hazikuwapo kwenye rangi ya kwanza haziwezi kuongezwa baadaye, hata kwa fedha. Sisi wa rangi nyeusi moja hatuna mlinzi huyo. Kibao changu kinaweza kutoa 20 au 200, na kinachonizuia ni maandishi madogo ya penseli chini ya picha, 7/20, ya saba kati ya 20, yaani neno langu tu.

Neno hilo niliwahi kulivunja. Toleo la picha 20 lilikwisha, na mnunuzi mmoja akaniomba tano za ziada kwa bei nzuri, wakati kodi ya nyumba inanidai. Katika fani yetu kuna desturi ya msanii kujiwekea chapa chache nje ya hesabu, nami nikajificha nyuma ya desturi hiyo. Miezi kadhaa baadaye, mama aliyenunua namba 4/20 aliiona mojawapo ofisini kwa mtu, akanipigia simu kuniuliza, kwa upole kabisa, kama alikuwa amesahau kuhesabu. Nilimwomba radhi, nikamrudishia nusu ya fedha yake. Picha akabaki nayo.

Najua msomaji ataniambia kwamba Hokusai, yule msanii wa Japani, hakuandika namba yoyote. Lile "Wimbi Kubwa" la takriban mwaka 1831 lilichapwa kwa maelfu, mistari ya kibao ikachakaa, na bado hakuna anayeliita feki. Ni kweli, na ni kweli pia kwamba kuandika namba kulienea baadaye, kwa sababu ya soko kuliko sanaa. Lakini Hokusai na mchapishaji wake hawakumwahidi mtu uchache. Mimi niliahidi.

Baada ya simu ile nilichukua kibao, nikakikata kwa mistari miwili kutoka pembe hadi pembe, nikakipaka wino na kuchapa karatasi moja ya mwisho, yenye msalaba mweupe juu ya picha nzima. Nimeitundika karibu na mlango wa karakana. Shangazi ameniuliza bei yake mara mbili, nami nimemwambia kwamba hiyo haiuzwi.