Rufaa haisimamishi amri ya muda, usirudi kwenye ile nyumba

Dada mleta uzi, usirudi. Umesema mume aliyekuwa anakupiga amekuwahi mahakamani, akadai wewe ndiye mkorofi, akapata amri ya muda ya kukuweka nje ya nyumba bila wewe kuitwa. Sasa unataka kuwasilisha rufaa Jumatatu na usiku huohuo ulale kwako kwa sababu "amri imeshakatiwa rufaa". Nani kakwambia hivyo?

Mimi aliniambia wakili kishoka, mmoja wa wale wanaoshinda nje ya mahakama na bahasha kwapani. Alinichapia rufaa, akachukua hela yake, akasema ikishagongwa muhuri tu, amri imekufa. Nikaingia nyumbani na nakala mkononi. Polisi walipokuja nikawaonyesha muhuri. Wakaniuliza hati ya mahakama inayosimamisha amri iko wapi. Sikuwa nayo, nikalala mahabusu.

Mahabusu si kitu. Kilichonigharimu ni siku ya kusikilizwa pande zote. Nilikuwa na fomu ya polisi, nilikuwa na vyeti vya hospitali, jirani alikubali kuja kusema aliyoyasikia usiku ule. Badala ya hayo, muda wote ulikwenda kwenye swali moja: kwa nini ulivunja amri? Aliyenipiga alikaa pale kama mwonewa, na mimi ndiye niliyekuwa najitetea. Amri ikaongezwa muda. Yule kishoka hakuonekana hata kwenye korido. Watu hawa wanajua wanachofanya, wanauza karatasi kwa mtu aliyechanganyikiwa, na hasira yangu kwao haijapoa.

Elewa hivi. Rufaa inaiomba mahakama ya juu iichunguze amri. Amri yenyewe inaendelea kukubana mpaka mahakama iseme isimame, na kusimamisha utekelezaji kunaombwa kivyake, kwa maombi yenye hati ya kiapo. Ukivunja kabla ya hapo, katika nchi nyingi umeingia kwenye jinai. India, kuvunja amri ya ulinzi dhidi ya ukatili wa nyumbani ni kifungo hadi mwaka 1, au faini hadi rupia 20,000, au vyote viwili. Afrika Kusini ni hadi miaka 5, na England vilevile kwa amri ya kutomsumbua mwenzako.

Na huo ujumbe wake wa "njoo tuyamalize" usiufuate wala usiufute. Amri ni ya mahakama, yeye hawezi kukuruhusu kwa simu. Akitaka iondoke, aende akaombe iondolewe. Ila ujumbe huo ni ushahidi mzuri sana: mtu anayemwogopa mkewe kiasi cha kumfukuza nyumbani hamwiti usiku waonane wawili tu. Nguo na vyeti vyako omba mahakama ikuruhusu ukavichukue ukiwa na polisi.

Pa kuanzia ni mahakama ileile iliyotoa amri. Omba itenguliwe au irekebishwe, weka kiapo kinzani, yaani maelezo yako ya maandishi chini ya kiapo kujibu madai yake. Anayekwenda mahakamani peke yake ana wajibu wa kusema yote, hata yanayomuumiza. Kama alificha kwamba ulishamripoti polisi, hiyo ndiyo hoja yako ya kwanza. Usisubiri tarehe kama sheria ya ulipo inaruhusu kuisogeza mbele. Afrika Kusini, kwa mfano, mlalamikiwa, yaani aliyewekewa amri, anaweza kuiwahisha kwa kumpa mwombaji na mahakama notisi ya maandishi isiyopungua saa 24. Halafu peleka maombi yako mwenyewe ya ulinzi, maana anayehitaji kulindwa ni wewe.

Rufaa sikatai. India ni siku 30 kwenda mahakama ya Session, iliyo juu ya hakimu, chini ya kifungu cha 29 cha sheria yao ya 2005 ya ukatili wa nyumbani. Kwa hiyo ujue siku zako na uzihesabu, usije ukafungiwa mlango. Lakini majaji wa rufaa husita kugusa amri ya muda wakati ushahidi bado haujasikilizwa kule chini, labda iwe na kasoro ya wazi. Unaweza kungoja miezi huko kwa jambo ambalo hakimu wako angelimaliza kwa kikao kimoja.

Kaangalie karatasi uliyopewa, tarehe ya kusikilizwa pande zote imeandikwa. Iweke hapa. Kama ni wiki hii, achana na Jumatatu ya rufaa, kaa uandike hicho kiapo usiku wa leo.