Kuku kachinjwa, mbona bado anakimbia?

Mdau, umeuliza huyo kuku wa Krismasi hapo Moshi amekimbiaje bila kichwa kama ubongo ndo unaamrisha kila kitu. Jibu ni kwamba hauamrishi kila kitu aisee. Zamani wanasayansi kina Sherrington kule Uingereza walishikilia kuwa mwendo ni rifleksi tu, yaani mwili kujibu kinachougusa bila kufikiri, hii inaamsha ile, ile inaamsha nyingine, afu 1911 mtafiti Graham Brown akaonyesha paka aliyekatwa uti wa mgongo pamoja na neva zinazoleta taarifa toka miguuni bado misuli yake inapokezana kama anatembea, yaani mdundo unatengenezwa humo humo kwenye uti, ubongo kazi yake kuwasha, kuzima na kuongoza njia.

Ila aliyenikosha mimi ni Bernstein, mwanasayansi Mrusi, miaka ya 1920 aliwapiga picha wafanyakazi wakigonga patasi kwa nyundo akakuta bega, kiwiko na kiganja vinapita njia tofauti kidogo kila pigo lakini nyundo inatua palepale. Nenda mtaa wa Unga Limited pale Arusha ukamcheki fundi wa vyuma anavyogonga huku anapiga stori, utaelewa. Kama kichwani kungekuwa na amri moja iliyokariri kila msuli, mapigo yangefanana, kumbe viungo vinafidiana vyenyewe kwa vyenyewe.

Kwa hiyo kupiga mabawa kuku anaweza bila kichwa, ila kudonoa punje moja ya mahindi, ambako lazima ubongo uongoze njia, hapo sahau.