Usikodi kikundi cha ngoma cha mjini, anza na wenye kayamba wa kijijini

Hapana hapana, ndugu yangu wa Marafa, hiyo dipoziti ya kikundi kama hujalipa usilipe! Umeuliza bei ya kikundi, kibali na fulana, umesema unataka vijiji vya huko ndani vikutane vicheze baada ya mavuno, halafu plani yako ni jukwaa, spika, jenereta na wachezaji wa kukodi wanaochezea watalii mahotelini Malindi? Sasa hao watu watakutana saa ngapi kama kazi yao ni kukaa kwenye viti waangalie?

Huku kwetu Magarini kuna bwana mmoja wa mradi alitukazania eti bila kikundi cha mjini watu hawaji. Pesa yote ya kijiji ikaingia hapo, usafiri wao, chakula chao, petroli. Vijana wanacheza vizuri sikatai, lakini wamezoea dakika chache, mgeni apige picha, basi. Mwanzele, hiyo ngoma yetu ya kucheza pamoja, haiendi hivyo! Mwanzele inataka kayamba, zile za matete zenye mbegu ndani za kutikisa, zianze taratibu, mmoja aimbe wenzake waitikie, mama atoke huku mzee aingie kule, na duara linazidi kukua mpaka usiku. Mama zetu kayamba zao zilibaki nyumbani kwa sababu hakuna aliyewaambia wazilete, wazee hata kuulizwa hawakuulizwa wakaondoka jua halijatua, na vile vijiji viwili vilivyogombana kwa ajili ya maji vilikaa kila kimoja upande wake mpaka mwisho. Yule bwana akapiga picha za ripoti yake akapanda gari akaenda. Mpaka leo inaniuma.

Mwenye kayamba wa kijijini ndiye anaalikwa kwanza, hilo shika. Pita boma hadi boma, uliza nani anaimba, nani anapiga ngoma, pesa ya spika inunue chakula na tembo la mnazi la wazee. Weka siku ya mbalamwezi, watu wanarudi mbali kwa miguu. Mekatilili wa Menza mwaka 1913 aliwakusanya Wagiriama wawakatae Waingereza kwa kucheza kifudu, spika alitoa wapi? Na hicho kifudu ni ngoma ya msiba, usikitie kwenye ratiba kama burudani wazee hawajakubali.

Kesho anza na lile boma la mbali kabisa, maana hao ndio huambiwa mwisho kila siku.