Shangazi, niende kazini kwake na gitaa?

"Shangazi shikamoo. Mi kijana wa miaka 27. Nilikuwa na mwenzangu miaka miwili, akaniambia hataki kuendelea, na sababu akazitaja. Nimeomba sana, mwisho akasema naomba usinipigie tena. Toka hapo kila usiku naangalia muvi za mapenzi na naona jamaa akikomaa lazima ampate. Rafiki yangu anasema niende kazini kwake siku ya besidei yake na maua na gitaa nimwimbie mbele ya wenzake. Nikikaa kimya naona kama sikumpenda kweli. Nifanyeje? Na mwezi ujao kuna harusi ya rafiki yetu, naye ataalikwa, niende?"

Marahaba mwanangu, na pole sana, hilo la kuachwa linauma na sitakuambia jikaze.

Ila usiende. Nalisema mapema kabisa maana najua wengine mnasoma mistari mitatu ya mwanzo afu mnakimbilia kununua maua.

Hebu nikuulize, kwenye hizo muvi unazoangalia hilo "hapana" la binti nani kaliandika? Kaliandika mtunzi, na huyo huyo mtunzi ameshamwandikia "ndiyo" yake kule mbele, yaani binti hana ujanja, ataondoka atarudi, atalia atakimbia kwenye mvua, ila mwisho ni wa steringi tu. Na kamera muda wote iko na steringi, tunamwona akilia chumbani, tunaona alivyo na roho nzuri, kwa hiyo tunajua kitu ambacho binti hakijui na tunaanza kumkasirikia yeye, kwamba huyu dada vipi mbona haoni. Sasa huyo mwenzako ana sababu zake, alikwambia, na siku hiyo atakuwa kazini na bosi wake na wateja, we unaingia na gitaa. Afanye nini hapo? Akikukataa mbele ya watu anaonekana katili, akikukubalia kwa aibu anadanganya, na wenzake wameshatoa simu wanarekodi. Umemuuliza swali huku umemfungia mlango wa kusema hapana, afu unaita mapenzi.

Kuna ile The Notebook ya 2004, naamini umeshaiona maana kila aliyeachwa anaiona. Jamaa anamtaka binti, binti hataki, jamaa anaparamia lile gurudumu kubwa la viwanja vya burudani linalozungusha watu juu, anajining'iniza kwa mikono, anatishia kujiachia mpaka binti akubali kutoka naye. Na binti anakubali! Watu wameangua machozi hapo miaka yote hii. Ondoa muziki, ondoa sura nzuri ya mwigizaji Ryan Gosling, mweke mwanaume usiyemjua anamfanyia hivyo dada yako, utaenda kumtafuta na fimbo.

Halafu sasa kaangalie Darr ya 1993, Shah Rukh Khan kabla hajawa mfalme wa mapenzi wa muvi za Kihindi. Anampenda Kiran, Kiran ana mtu wake, yeye anapiga simu, anafuatilia, hakubali kabisa kwamba hapana ni hapana. Humo yeye ndo adui. Ukikaa ukafikiria anachofanya, sehemu kubwa ni yale yale ambayo steringi wengine wanafanya wanapigiwa makofi, kinachobadilika ni muziki na nani anaogopa. Na cha kushangaza watazamaji wengi bado walimhurumia yeye kuliko mume wa binti! Ndo ujue kamera ina nguvu gani.

Hili hata watafiti wameliangalia. Mwaka 2015 Julia Lippman wa Chuo Kikuu cha Michigan, Marekani, alichapisha utafiti ambapo wanawake walionyeshwa muvi za mwanaume anayemfuatilia mwanamke, wengine wakapewa ya kuchekesha ambayo kufuatilia ni mapenzi, wengine ya kutisha. Kati ya waliopewa ya kuchekesha, wale walioichukulia kama mambo ya kweli walielekea zaidi kukubali zile dhana kwamba kumfuatafuata mtu si jambo kubwa, ni mapenzi tu. Sasa na wewe unaangalia usiku kucha, ukiwa na kidonda, peke yako. Lazima uote gitaa.

Umeniuliza kama kunyamaza maana yake hukupenda. Hapa ndo muvi zimekuharibu zaidi, maana zimekufundisha kupima mapenzi kwa ukaidi. Kwani aliyekuomba usimpigie, ukamheshimu japo mkono unawasha, huyo hapendi? Hata sinema zenyewe zinajua hili zikitaka, Casablanca ya 1942 steringi anampandisha mwanamke anayempenda kwenye ndege aondoke na mume wake, na mpaka leo hakuna anayesema yule jamaa hakupenda.

Na jingine, umeandika "sababu akazitaja" afu ukapita kama hujasema kitu. Barua nzima hujaniambia hata moja! Kuna muvi ya 2009, (500) Days of Summer, binti anamwambia jamaa mapema kabisa kwamba hataki uhusiano wa maana, jamaa anasikia anachotaka kusikia, akiachwa anaona kaonewa. Wengi walimchukia binti, mpaka Joseph Gordon-Levitt aliyemwigiza huyo jamaa akasema hadharani kwamba kosa kubwa ni la jamaa. Kaa chini uziandike hizo sababu kwa maneno ya mwenzako, si kwa maneno yako. Huenda nyingine ni za uonevu, sawa, lakini zisome.

Tuje kwenye maumivu. Muvi inakupa wimbo mmoja, dakika mbili, jamaa ndevu zimeota, anatupa picha, anaanza mazoezi, wimbo ukiisha kapona. Wewe huo wimbo utaishi nao miezi, na mwingi wake hauna hata kilio, ni kukaa tu mchana huna hamu ya kitu, unashika simu unaiweka. Usidhani una kasoro. Mtafiti Helen Fisher na wenzake walichapisha mwaka 2010 utafiti wa watu 15 walioachwa na bado wanapenda, waliwapiga picha za ubongo huku wakiangalia picha ya aliyewaacha, na kati ya sehemu zilizoamka ni zile zinazohusika na uraibu wa kokeini. Kwa hiyo ukifungua picha zake usiku unajipa dozi. Ila kadiri siku za kuachwa zilivyokuwa nyingi, sehemu moja ya ubongo inayohusika na kushikamana na mtu ilikuwa imetulia zaidi. Taratibu, lakini inatulia.

Basi picha zake mpe mtu akutunzie kama huwezi kufuta. Muvi za mapenzi ziache kwa muda, angalia za ngumi, za vichekesho, chochote. Rafiki yako mwambie asante ila akitaka kuona mtu anaimba ofisini aende yeye. Na kama umefika mahali huli, hulali, au mawazo ya kujidhuru yanapita, usinisubiri mimi, mwambie mtu wa nyumbani leo leo na umwone daktari. Kina Devdas wa kunywa pombe mpaka kufia kwenye geti la mpenzi wanapendeza kwenye skrini tu, na Shah Rukh aliyemwigiza mwaka 2002 aliamka akaenda nyumbani kwake.

Mwisho wa barua umeuliza pia kuhusu harusi ya rafiki yenu mwezi ujao, kwamba naye ataalikwa. Nenda, ni rafiki yako pia. Ukikutana naye msalimie kama unavyosalimia wengine, usimvute pembeni, usiombe dakika tano, na wakipiga nyimbo za taratibu toka nje ukapigie mtu simu. Si yeye lakini.